Rekodi za Wasiojulikana

Ukitaka kuwaona washika rekodi watatu wa sinema ya Marekani ndani ya filamu moja, tafuta All About Eve ya mwaka 1950. Wengi huikumbuka kwa ajili ya Bette Davis na Anne Baxter, na kwa sababu iliteuliwa kuwania tuzo 14 za Oscar, idadi ambayo hakuna filamu iliyokuwa imeifikia kabla yake, na ambayo haikufikiwa tena hadi Titanic ya mwaka 1997. Ila watatu ninaowasema si hao wanaopamba mabango. Wa kwanza ni Thelma Ritter, anayeigiza Birdie, mtumishi mwenye ulimi mkali. Wa pili ni mwanamke mrefu aliyependeza kwa mavazi, anayejitokeza karibu na mwisho, akampongeza Eve kwa maneno machache na kutoweka. Huyo ni Bess Flowers. Wa tatu ni mzee aliyevuka miaka 70, Franklyn Farnum, aliyemo miongoni mwa wageni, na usipoambiwa hutamwona kamwe.

Nimewafuatilia watu wa namna hii kwa muda mrefu, na nimefikia kuamini jambo moja: rekodi kubwa za Hollywood ya enzi za studio, zile za wingi na za kudumu kazini, ziliwekwa na watu ambao mtazamaji hakutarajiwa kuyajua majina yao. Na ilikuwa lazima iwe hivyo. Nyota alilindwa kwa kuadimishwa. Alipewa filamu mbili au tatu kwa mwaka, na studio ikahakikisha watu wanamngojea. Kibarua wa sinema alilipwa kwa kutwa. Leo alikuwa mgeni wa karamu katika studio hii, kesho shahidi mahakamani katika studio ile, keshokutwa abiria wa meli. Kwa hiyo ukihesabu rekodi zake, unahesabu siku alizoamka na kwenda kazini.

MALKIA WA WAIGIZAJI WA ZIADA

Bess Flowers alizaliwa tarehe 23 Novemba 1898 katika mji wa Sherman, Texas. Aliingia kwenye sinema mwaka 1923, picha zikiwa bado hazina sauti, na aliendelea hadi 1964. Katika miaka hiyo 41 alionekana katika filamu ndefu zaidi ya 350. Wanaojumlisha pia filamu fupi na vipindi vya televisheni huipeleka hesabu yake zaidi ya 800. Waandishi wa sinema walimpa jina la Malkia wa Waigizaji wa Ziada, na sijaona mtu aliyejaribu kulipinga.

Tano kati ya filamu hizo zilishinda Oscar ya Filamu Bora: It Happened One Night ya 1934, You Can't Take It with You ya 1938, All About Eve, The Greatest Show on Earth ya 1952, na Around the World in 80 Days ya 1956. Ukienda kwenye orodha ya filamu zote zilizoteuliwa kuwania tuzo hiyo, yeye ndiye anayetajwa kuwa ameonekana katika nyingi kuliko mwigizaji mwingine yeyote. Katika It Happened One Night ni karani wa mhariri wa gazeti. Katika The Greatest Show on Earth ni mtazamaji wa sarakasi. Ni nafasi za dakika moja, pengine sekunde chache.

Ili kuelewa alivyofika huko, ni vizuri kujua kazi yenyewe ilivyoendeshwa. Mwanzoni watafuta kazi walisongamana kila alfajiri kwenye mageti ya studio, wengi wao vijana waliotoka mikoa ya mbali kwa ndoto ya kuonekana. Desemba 1925 studio kubwa zilianzisha ofisi moja ya pamoja, Central Casting, ya kuwapanga waigizaji wa ziada. Tangu hapo mtu alikaa na simu. Alipiga kuuliza kama kesho kuna kazi, na aghalabu jibu lilikuwa kwamba hakuna. Maelfu waliandikishwa, wachache wakaitwa.

Waliobahatika walikuwa na ngazi zao. Chini kabisa walikuwapo wa kujaza barabara na viwanja, waliolipwa kidogo. Juu yao walikuwapo waigizaji wa mavazi, yaani wale waliomiliki wenyewe nguo za kifahari: gauni za jioni, makoti ya manyoya, glavu, suti nyeusi za karamu. Studio haikuwashonea. Mwigizaji alikuja na kabati lake, na kwa sababu hiyo alilipwa zaidi. Flowers alikuwa kinara wa kundi hilo. Mwongozaji akihitaji meza ya hoteli ya gharama, au safu ya mbele ya ukumbi wa maonyesho, au bibi wa kupokea wageni mlangoni, jina lake lilikuwa juu ya orodha. Alijua kuketi, kushika glasi na kuvuka chumba pasipo kumziba nyota. Alijua pia lile gumu kuliko yote: kutazamika bila kuvuta macho. Mwigizaji wa ziada aliyejionyesha sana hakuitwa tena.

Ni kosa, hata hivyo, kudhani kwamba alikuwa pambo tu. Mwaka 1928 aliigiza mke wa Stan Laurel katika We Faw Down, filamu fupi ya wachekeshaji Laurel na Hardy. Mwaka 1938 alicheza na Three Stooges katika Mutts to You, akiwa mama ambaye mtoto wake mchanga anaishia mikononi mwa wale watatu. Ukimtazama katika vichekesho hivyo unaona mtu anayejua kupima muda wa mzaha na kumwachia mwenzake nafasi. Angeweza kubeba zaidi ya alichopewa. Mimi humfikiria kama mwigizaji kamili aliyechagua, au aliyechaguliwa, kufanya kazi ya dakika moja kwa maisha yake yote, na akaifanya kwa kiwango kilekile cha usafi mwaka wa kwanza na mwaka wa 41.

Alikuwa pia mtu wa chama. Waigizaji wa ziada walikuwa wengi, lakini ndani ya Screen Actors Guild, chama cha waigizaji kilichoanzishwa 1933, walihesabiwa kuwa wanachama wa daraja la chini. Mwaka 1945 kilizaliwa chama chao wenyewe, Screen Extras Guild, na Flowers alikuwa miongoni mwa waasisi na makamu wa rais wake wa mwanzo. Huyu mwanamke ambaye kwenye skrini hakuambiwa jina lake alikaa mezani kujadili ujira, saa za kazi na malipo ya anayetumia nguo zake mwenyewe.

Anayetaka kumwona aanze na filamu za Alfred Hitchcock. Katika Rear Window ya 1954 yumo kwenye karamu ya mtunzi wa muziki, ng'ambo ya ua, akiwa na mbwa wa manyoya. Katika Vertigo ya 1958 yuko katika mgahawa wa Ernie's. Katika North by Northwest ya 1959 yuko katika ukumbi wa hoteli. Ukishamjua sura, unaanza kumwona kila mahali, na filamu za zamani zinabadilika machoni pako: unaacha kumfuata nyota, unaanza kutazama meza za nyuma. Alifariki tarehe 28 Julai 1984, akiwa na miaka 85, katika makazi ya wazee wa tasnia ya filamu huko Woodland Hills, California.

SABA ZA FARNUM

Ikiwa kipimo ni filamu zilizoshinda Oscar kuu, basi Flowers anapitwa na mwenzake wa chama. Franklyn Farnum, aliyezaliwa Boston mwaka 1878, anahesabiwa kuwamo katika saba: The Life of Emile Zola, Going My Way, The Lost Weekend, Gentleman's Agreement, All About Eve, The Greatest Show on Earth na Around the World in 80 Days. Wapo wanaosema filamu zake zote zilizidi 1,100.

Kinachonigusa kwa Farnum ni njia aliyopitia. Flowers alipanda hadi kilele cha kazi ya ziada. Farnum aliteremka kuifikia. Zama za picha bubu alikuwa nyota wa filamu za magharibi, jina lake likiwa juu ya kila tangazo. Sauti ilipoingia, na umri nao ukisogea, alijikuta kwenye foleni ya simu pamoja na wengine. Hakususa. Alifanya kazi hiyo kwa zaidi ya miaka 30, na akawa rais wa Screen Extras Guild. Mwaka 1950, mwaka uleule wa All About Eve, yumo pia katika Sunset Boulevard, filamu kuhusu nyota wa picha bubu aliyesahaulika. Farnum anaigiza mzishi, yule anayekuja kumzika sokwe kipenzi cha bibi huyo. Sidhani kuna mtu katika filamu ile, ukimwacha Gloria Swanson mwenyewe aliyemwigiza bibi huyo, aliyeijua habari hiyo kwa undani kama yeye. Alifariki tarehe 4 Julai 1961.

FILAMU 2,000, KWA MUJIBU WA KITABU

Kitabu cha rekodi cha Guinness kilimtaja Tom London kuwa mwigizaji aliyeonekana katika filamu nyingi zaidi katika historia ya Hollywood: zaidi ya 2,000. London, aliyezaliwa Louisville, Kentucky, tarehe 24 Agosti 1889 kwa jina la Leonard Clapham, alikuwa sura ya kudumu ya filamu za wachunga ng'ombe. Alikuwa mkuu wa polisi wa kijiji, mwenye duka, jambazi wa nyuma ya mwamba, na katika miaka ya 1940, pale studio ya Republic, mzee wa kuandamana na shujaa Sunset Carson.

Tuipige hesabu hiyo. Kazi yake ilidumu takriban miaka 45. Filamu 2,000 ni zaidi ya 40 kila mwaka, bila kupumzika. Je, inawezekana? Filamu za magharibi za bei nafuu zilipigwa kwa siku tano hadi nane. Farasi walewale, korongo lilelile, mtaa uleule wa mbao, na mara nyingi mwigizaji aliitwa kwa siku moja tu. Mtu mwenye afya na kofia yake angeweza kupita katika filamu mbili kwa wiki moja. Hata hivyo, majina ya filamu zake yanayoweza kuorodheshwa moja moja ni mamia, hayafiki maelfu. Naiheshimu rekodi yake, lakini naisoma kama makadirio ya watu waliokuwa wamechoka kuhesabu.

Kuna dai jingine linaloandamana na jina lake, nalo silikubali. Inasemekana kuwa alikuwa dereva wa treni katika The Great Train Robbery, filamu ya Edwin S. Porter ya mwaka 1903 inayosomwa katika kila historia ya sinema. Mwaka huo Clapham alikuwa na umri wa miaka 14. Hesabu ndogo kama hiyo ndiyo inayotenganisha rekodi na hadithi, na London hahitaji hadithi. Miaka 45 ya vumbi na farasi inamtosha.

MTU WA MAJUKUMU MADOGO KATIKA FILAMU KUBWA

Mwaka 1998 Taasisi ya Filamu ya Marekani ilitoa orodha ya filamu 100 bora za nchi hiyo katika miaka mia moja ya sinema. Waliotazama majina ya waigizaji waligundua kwamba aliyejitokeza mara nyingi hakuwa Humphrey Bogart wala James Stewart. Alikuwa Ward Bond, mtu wa Nebraska aliyecheza mpira wa Kimarekani chuoni pamoja na John Wayne kabla wote wawili hawajaingia studioni. Bond yumo katika saba: dereva wa basi katika It Happened One Night, ofisa wa jeshi la Kaskazini katika Gone with the Wind, mpelelezi katika The Maltese Falcon, polisi Bert katika It's a Wonderful Life, kisha Bringing Up Baby, The Grapes of Wrath na The Searchers. Hakuongoza hata moja kati ya hizo. Umaarufu wa jina ulimjia kwenye televisheni, kwa mfululizo wa Wagon Train ulioanza 1957, na akafariki Novemba 1960 akiwa bado anauigiza.

MARA SITA BILA KUSHINDA, USHINDI MARA TATU

Sasa turudi kwa Thelma Ritter. Alizaliwa Brooklyn mwaka 1902, na sinema ilimpata akiwa na miaka zaidi ya 40. Katika Miracle on 34th Street ya 1947 alikuwa mama aliyechoka anayezungukia maduka kumtafutia mwanawe zawadi. Hakuandikwa jina, lakini dakika zake chache zilitosha. Kati ya All About Eve na Birdman of Alcatraz ya 1962 aliteuliwa mara sita kuwania Oscar ya mwigizaji msaidizi wa kike. Hakuna mwanamke aliyeteuliwa mara nyingi zaidi yake katika kundi hilo, na hakushinda hata mara moja.

Nadhani najua sababu, nami naisema kama maoni yangu. Ritter aliigiza watumishi, wauguzi, wachuuzi, watu wanaofanya kazi kwa mikono na kusema ukweli bila kuremba. Aliwafanya waonekane halisi kiasi kwamba wapiga kura walidhani haigizi. Mtazame katika Pickup on South Street ya 1953, akiwa Moe, mwanamke mzee anayeuza tai na habari za wahalifu na kuweka akiba ya maziko yake. Tukio lake la mwisho, ameketi kitandani, miguu inamuuma, muuaji yuko chumbani, ni la juu kabisa katika uigizaji wa Kimarekani wa muongo ule.

Upande wa pili yuko Walter Brennan. Oscar za waigizaji wasaidizi zilianza kwa filamu za mwaka 1936, na Brennan alikuwa mwanamume wa kwanza kuipata, kwa Come and Get It. Akaipata tena kwa Kentucky ya 1938, na tena kwa The Westerner ya 1940. Hakuna mwigizaji, wa kiume wala wa kike, aliyekuwa amefikisha tatu kabla yake. Wengi wameeleza ushindi huo kwa sababu isiyohusu kipaji: miaka ile waigizaji wa ziada waliruhusiwa kupiga kura, walikuwa maelfu, na Brennan alikuwa ametoka miongoni mwao. Baadaye Akademia inayotoa tuzo hizo iliwaondolea haki hiyo. Mimi naona maelezo hayo ni nusu ya kweli. Brennan alikuwa mwigizaji hodari, na jaji wake katika The Westerner hajazeeka. Lakini nafurahi kujua kwamba kulikuwa na miaka michache ambapo Oscar ziliamuliwa na waliokaa meza za nyuma, na kwamba walipopewa nafasi walimchagua mtu aliyewahi kukaa nao.

OSCAR MBILI KWA UHUSIKA MMOJA

Katika historia yote ya tuzo hizo, mtu mmoja tu amepewa sanamu mbili kwa uhusika uleule, naye hakuwa mwigizaji kabisa.

Harold Russell alizaliwa North Sydney, Nova Scotia, Kanada, mwaka 1914, akakulia Massachusetts. Wakati wa vita alikuwa mkufunzi wa jeshi la Marekani. Tarehe 6 Juni 1944, siku ambayo majeshi ya washirika yalikuwa yakitua Normandy, yeye alikuwa katika kambi ya Mackall, North Carolina, akishika baruti kwa ajili ya filamu ya mafunzo. Fyuzi mbovu ililipuka. Akapoteza mikono yote miwili. Alijifunza kutumia ndoano za chuma kwa ustadi mkubwa kiasi kwamba jeshi lilimrekodi katika filamu fupi, Diary of a Sergeant, ya kuwatia moyo majeruhi wengine.

Filamu hiyo ilionwa na William Wyler, mwongozaji aliyekuwa akiandaa The Best Years of Our Lives, hadithi ya wanajeshi watatu wanaorejea nyumbani. Wyler mwenyewe alikuwa amerudi kutoka vitani na sikio lililoharibika. Alimpa Russell nafasi ya Homer Parrish, baharia asiye na mikono anayeogopa kwamba mchumba wake anamhurumia badala ya kumpenda. Inasimuliwa kwamba Wyler alikasirika aliposikia Russell amepelekwa kufundishwa uigizaji, akataka yakomeshwe mara moja. Alitaka mtu alivyo.

Kuna tukio ambalo Homer anampandisha mchumba wake Wilma chumbani, anavua ndoano zile mbele yake, na kumwonyesha kuwa bila hizo hawezi hata kufungua mlango ukifungwa. Hapiti katika hali ile kwa machozi. Anaeleza, kama fundi anayeeleza chombo. Nimeona waigizaji wakubwa wakifanya matukio mengi mazito, na bado hilo huwa ninaliweka juu.

Usiku wa tarehe 13 Machi 1947, bodi ya Akademia ilikuwa imekwisha kumwandalia Oscar ya heshima kwa kuwaletea matumaini maveterani wenzake, kwani viongozi waliamini kuwa asiyesomea uigizaji hawezi kushinda ile ya ushindani. Akapokea ya heshima. Kisha bahasha ya mwigizaji msaidizi wa kiume ikafunguliwa, na jina likawa lake tena.

Wyler alimshauri arudi shuleni, kwani Hollywood haikuwa na nafasi nyingi kwa mtu kama yeye. Russell akaenda Chuo Kikuu cha Boston kusomea biashara, akaongoza chama cha maveterani cha AMVETS, na tangu 1964 akawa mwenyekiti wa kamati ya rais iliyoshughulikia ajira za watu wenye ulemavu. Kazi hiyo ya kamati aliifanya kwa miaka mingi kuliko ile ya uigizaji. Mwaka 1992 aliiuza Oscar yake ya uigizaji kwa dola 60,500, akisema anahitaji fedha kwa matibabu ya mkewe. Akademia ilipinga. Washindi wa tangu 1950 hutia saini kwamba hawatauza sanamu bila kwanza kuirudishia Akademia nafasi ya kuinunua, lakini ya Russell ilikuwa ya kabla ya hapo. Sina lawama kwake hata chembe. Alifariki Januari 2002.

WALIOCHEZA MARA MOJA, WAKAONEKANA MARA TATU

Miongoni mwa filamu tano zilizoshindana kuwa Filamu Bora ya mwaka 1950, pamoja na All About Eve na Sunset Boulevard, ilikuwamo King Solomon's Mines, iliyopigwa Kenya, Uganda, Tanganyika, Kongo ya Wabelgiji na Ruanda-Urundi. Ndani yake yumo Kimursi, Mkipsigis, aliyeigiza Khiva, na Siriaque, Mtutsi, aliyeigiza Umbopa, mfalme anayerudi kudai kiti chake. Majina yao yaliandikwa, jambo ambalo Flowers na Farnum hawakulipata katika All About Eve, filamu iliyoishinda hiyo.

Nyuma yao walikuwapo wengi ambao hawakuandikwa: wapagazi, wapiganaji, wachezaji ngoma wa Rwanda. MGM, studio iliyoitengeneza filamu hiyo, ilikuwa imepiga picha nyingi kuliko ilizohitaji, na haikuzitupa. Mwaka 1959 ilizitumia tena katika Watusi na katika Tarzan the Ape Man. Hivyo ngoma iliyochezwa miaka tisa kabla iliingia katika hadithi ambazo wachezaji wale hawakuitwa kuziigiza. Ningependa siku moja mtu akae na filamu hizo tatu pamoja na wazee wa Musanze, Kericho na Masindi, azisimamishe picha kwa picha, na kuuliza huyu ni nani.

ALIYEKUWA BADO ANAPATIKANA

Rekodi ya kudumu niliyoibakiza ni ya Charles Lane, mwembamba, mwenye miwani na uso wa kukasirika, ambaye kwa miongo saba aliigiza makarani, wakaguzi, mawakili na watoza kodi. Alizaliwa San Francisco Januari 1905, na alikuwa mtoto mchanga tetemeko la 1906 lilipoubomoa mji. Aliuza bima kabla ya kuigiza, na alikuwa mmoja wa waasisi wa Screen Actors Guild. Miaka ya 1930 alihama kutoka seti moja hadi nyingine kwa kasi ambayo mwenyewe hakuweza kuikumbuka. Alisimulia kwamba aliwahi kwenda kutazama filamu, akashangaa kujiona kwenye skrini, kwa kuwa alikuwa amesahau kabisa kwamba aliiigiza.

Katika You Can't Take It with You, ile ambayo Flowers na Bond pia wamo, yeye ndiye ofisa wa kodi anayetoka jasho mbele ya mzee ambaye hajawahi kulipa hata senti. Katika It's a Wonderful Life ndiye mtoza kodi za nyumba wa tajiri Potter. Na tarehe 19 Januari 1953 alikuwa mbele ya hadhira kubwa kuliko iliyowahi kuona kipindi cha televisheni nchini Marekani hadi siku hiyo: sehemu ya I Love Lucy ambayo Lucy anajifungua, iliyotazamwa na watu wapatao milioni 44. Lane ni yule baba mwenye mabinti sita anayengoja hospitalini pamoja na Ricky, mume wa Lucy, akiomba safari hii apate mvulana. Anapata mabinti watatu kwa mpigo.

Mwaka 2005, alipotunukiwa kwa kutimiza miaka 100, aliwaambia waliokuwapo kwamba kama wana kazi, yeye bado anapatikana. Mwaka uliofuata sauti yake ilitumika kusimulia filamu fupi ya Krismasi. Alifariki tarehe 9 Julai 2007, akiwa na miaka 102.